Mainz, Worms na Speyer: siku moja kwenye mizizi ya Wayahudi wa Ulaya

Mpenzi wa kandanda akisikia jina la Mainz humkumbuka Jürgen Klopp, aliyeanzia hapo ukocha kabla ya kuvuma Dortmund na Liverpool. Mpenzi wa vitabu humkumbuka Johannes Gutenberg, aliyechapa Biblia yake mjini humo katikati ya karne ya 15. Wachache hukumbuka kwamba zaidi ya miaka 400 kabla ya Gutenberg, Mainz tayari ilikuwa mji wa wasomi waliosafiriwa kutoka mbali, na wasomi hao walikuwa Wayahudi. Walichokiandika wao na wenzao wa Worms na Speyer bado kinaongoza ndoa, talaka na sala za Wayahudi wengi duniani.

Miji hii mitatu imepangana kwenye ukingo wa magharibi wa mto Rhine, kusini-magharibi mwa Ujerumani, katika jimbo la Rheinland-Pfalz. Mainz ndiyo makao makuu ya jimbo na ina watu zaidi ya 200,000. Worms ina zaidi ya 80,000, na Speyer yapata 50,000. Kutoka wa kwanza hadi wa mwisho hazifiki kilomita 100. Nchi yenyewe ni tambarare, joto lake la kiangazi ni kali kwa kipimo cha Ujerumani, na mashamba ya mizabibu yamepanda vilima hadi upeo wa macho. Kati ya Worms na Speyer utapita Ludwigshafen, mji wa viwanda vya kemikali, ambao hakuna mwongozaji atakayekushusha kuutazama. Uwanja wa ndege wa Frankfurt uko jirani na Mainz, hivyo ziara huanza asubuhi na kumalizika jioni.

Mwongozaji ni wa lazima. Katika kila mji kuna kanisa kuu la mawe linaloonekana tangu mbali, na mgeni akiachwa peke yake miguu itampeleka huko. Mabaki ya Wayahudi yamejificha vichochoroni, chini ya ardhi, au nje ya ukuta wa zamani. Bila mtu wa kukuonyesha utayapita.

Wayahudi walifika hapa kwa sababu ya mto. Rhine ilikuwa njia kuu ya biashara, na maaskofu waliotawala miji hii walitaka wafanyabiashara waliojua kusoma, kuhesabu na kuwasiliana na nchi za mbali. Ukoo wa Kalonymos ulitoka Lucca, Italia. Wengine walitoka Ufaransa. Jumuiya za miji mitatu zilishikamana mpaka zikajulikana kwa jina moja la ShUM, lililoundwa kwa herufi za kwanza za majina ya miji hiyo kwa Kiebrania. Yapata mwaka 1220 marabi wao walikaa pamoja wakapitisha kanuni za kuzifunga jumuiya zote tatu. Kanuni mojawapo ilihusu mali aliyokwenda nayo bibi harusi: akifariki mapema, kiasi gani kirudi kwao. Ni kesi ambayo ingefahamika mara moja kwenye baraza la kadhi Mombasa au Unguja.

Huko Mainz ndiko alikofundisha rabi Gershom ben Yehuda, aliyefariki mwanzoni mwa karne ya 11. Anahesabiwa kuwa ndiye aliyepiga marufuku mume Myahudi kuoa wake wawili, kumpa mke talaka bila ridhaa yake, na mtu kufungua barua isiyo yake. Hilo la tatu huwachekesha wageni, lakini katika jamii ya wafanyabiashara ambao barua zao zilibebwa na wasafiri wasiowajua, siri ya barua ilikuwa ndiyo siri ya mtaji.

Kwa macho, Mainz ndiyo yenye kidogo zaidi. Mwezi Mei 1096, kundi la wapiganaji wa Vita vya Msalaba lililoongozwa na mtemi Emicho lilifika hapa likiwa safarini, eti, kwenda kuikomboa Yerusalemu. Wayahudi walikimbilia kwa askofu mkuu. Milango ya mji ikafunguliwa, na watu kiasi cha elfu moja wakafa, wengine kwa mikono yao wenyewe na ya jamaa zao, wakikataa kubatizwa kwa nguvu. Jumuiya ikafufuka, ikaangamizwa tena wakati wa tauni, ikafukuzwa mwaka 1438. Mawe ya makaburi yao yakachukuliwa kujengea nyumba. Yaliyopatikana baadaye kwenye kuta na misingi ya mji yalirudishwa penye makaburi ya zamani mwaka 1926 na kusimamishwa upya kama ukumbusho. Utayaona kwenye mteremko wa majani.

Sinagogi jipya la Mainz, kazi ya msanifu Manuel Herz, lilifunguliwa mwaka 2010 mahali palipokuwa na lile lililochomwa na Wanazi mwaka 1938. Limevikwa vigae vya kijani kibichi vinavyong'aa, na umbo lake limekatwa kufuata herufi za Kiebrania. Kuna wanaolipenda na kuna wasioliweza. Mimi ni miongoni mwa wanaolipenda, hasa kwa vile nguzo chache za sinagogi la zamani zimeachwa zisimame mbele yake bila kupambwa.

Worms ndiyo moyo wa safari. Kwa wengi ni mji wa Martin Luther, aliyesimama mbele ya Kaisari mwaka 1521 na kukataa kuyakana maandiko yake. Sanamu yake ni kubwa na mabasi hujaa hapo. Lakini tembea dakika chache upande wa magharibi, nje kidogo ya ukuta wa zamani, ufike kwenye makaburi yanayoitwa Heiliger Sand, yaani Mchanga Mtakatifu. Yanatajwa kuwa makaburi ya Kiyahudi ya kale kuliko yote yaliyosalia mahali pake Ulaya. Mawe yapo kama 2,500, na ya mwanzo kabisa ni ya karne ya 11. Ni mawe ya mchanga, mengi yameinama na mengine yamezama nusu, na yanatazama kusini badala ya Yerusalemu, jambo ambalo wataalamu hawajaacha kulijadili. Wanazi hawakuyavunja. Watu walizikwa hapa hadi 1911, yalipofunguliwa makaburi mapya.

Mawe mawili yamesimama bega kwa bega, na juu yake wageni huacha vijiwe na vikaratasi vya dua. La kwanza ni la rabi Meir wa Rothenburg, mwanasheria mkubwa wa zama zake. Mfalme Rudolf alimfunga mwaka 1286 akitaka fidia. Inasimuliwa kwamba Meir mwenyewe aliwakataza watu wake kulipa, maana kila rabi angegeuzwa bidhaa. Akafia kizuizini mwaka 1293, na hata maiti yake ikazuiwa kwa miaka 14, mpaka mwaka 1307 tajiri mmoja wa Frankfurt, Alexander ben Salomon Wimpfen, alipoikomboa kwa fedha zake. Ombi lake lilikuwa azikwe ubavuni mwa rabi, na likatimizwa mwaka uleule.

Wanawake nao wamo katika kumbukumbu za Worms. Urania, aliyefariki mwaka 1275, ameandikwa kwenye jiwe lake kuwa aliwaongoza wanawake wenzake katika sala kwa kuimba. Kabla yake kulikuwa na Dolce, mke wa rabi Eleazar, aliyeilisha nyumba yake kwa kukopesha fedha ili mumewe na wanafunzi wake wasome. Alishona vitabu na kufundisha wanawake nyimbo za ibada. Wavamizi walimuua mwaka 1196 pamoja na binti zake wawili, na mumewe akamtungia maombolezo ambayo ndiyo yametuachia habari zake.

Kutoka makaburini unarudi mjini hadi mtaa wa Judengasse. Sinagogi la kwanza la Worms lilijengwa mwaka 1034 kwa wakfu wa Jakob ben David na mkewe Rahel. Jiwe la wakfu huo bado lipo. Sinagogi likajengwa upya mwaka 1174 na 1175, na mwaka 1212 na 1213 mume na mke wengine, Meir na Judith, wakaongeza chumba cha sala cha wanawake. Wafuatiliaji wa habari za misikiti ya pwani wataiona hapo desturi wanayoifahamu: mwenye nacho anajenga, jina lake linachongwa, jumuiya inasali. Rashi wa Troyes, mfasiri wa Taurati na Talmudi ambaye maelezo yake huchapwa hadi leo pembeni mwa kila ukurasa wa Talmudi, alisoma Mainz na Worms ujanani, yapata mwaka 1060. Kuna chumba chenye jina lake na kiti cha jiwe. Usidanganyike: chumba hicho kilijengwa mwaka 1624, zaidi ya miaka 500 baada ya Rashi kufa.

Na jengo lote unaloliona, ujue, ni la 1961. Sinagogi lilichomwa Novemba 1938, na mwaka 1942 kuta zilizobaki zikabomolewa. Baada ya vita lilisimamishwa tena kwa kutumia mawe yaliyookotwa kwenye kifusi, wakati ambapo Worms haikuwa tena na jumuiya ya kusali humo. Palizuka ubishi mkubwa: je, Wajerumani wanamjengea nani? Swali hilo lilikuwa na haki. Hata hivyo ukisimama ndani ukatazama nguzo mbili za katikati, unaweza kusoma kwa mawe yenyewe lipi ni la karne ya 12 na lipi ni la mafundi wa juzi, na afadhali hivyo kuliko kiwanja cha kuegeshea magari. Mtunza nyaraka wa mji, Friedrich Illert, alikificha wakati wa Wanazi kitabu cha sala cha mwaka 1272 kilichotumiwa hapa kwa karne nyingi. Leo kimehifadhiwa Yerusalemu.

Jumuiya ya Speyer ilianza kwa mwaliko. Mwaka 1084 askofu Rüdiger Huzmann aliwaita Wayahudi, baadhi yao wakiwa wamekimbia moto wa Mainz, na akaandika wazi kwamba kuwaweka kwake mjini kungeuongezea mji heshima mara elfu. Aliwapa ardhi ya kuishi na kuzikana, ruhusa ya kuuza na kununua, na ukuta wa kuwakinga na wenye vurugu. Machafuko ya 1096 yalipofika, Wayahudi 11 waliuawa, na askofu aliyefuata, Johann, akawaokoa waliobaki. Sinagogi lao lilizinduliwa mwaka 1104, miaka mitatu kabla ya tarehe iliyochongwa kwenye msikiti wa Kizimkazi, Unguja. Limebaki kuta tupu.

Lakini shuka kwenye mikve. Ni kisima cha kujitwaharisha kilichochimbwa yapata mwaka 1120, chini kiasi cha mita kumi mpaka kwenye maji ya ardhini, kwa sababu sheria inataka maji ya asili, yasiyotekwa kwa ndoo. Mwanamke aliyemaliza hedhi huzama humo mwili mzima. Msomaji Mwislamu hatahitaji maelezo zaidi. Ngazi zinapita kwenye ukumbi mdogo wenye nguzo zilizochongwa kwa ustadi uleule wa kanisa kuu lililo jirani, na inaaminika mafundi walikuwa walewale. Maji bado yapo, baridi na ya kijani. Kwa maoni yangu hiki ndicho kitu kimoja katika safari nzima ambacho hakuna picha inayokitendea haki.

Kanisa kuu la Speyer liliingizwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 1981, mwaka uleule wa magofu ya Kilwa Kisiwani. Mabaki ya Kiyahudi ya miji mitatu yalisubiri hadi Julai 2021, yakawa urithi wa kwanza wa Kiyahudi wa Ujerumani katika orodha hiyo. Jumuiya zimerudi, nyingi zikiwa za watu waliotoka nchi za uliokuwa Umoja wa Kisovieti tangu miaka ya 1990.

Ukibahatika kufika, usichague Jumamosi. Ni Sabato na makaburi hufungwa. Wanaume wachukue kofia, kwa maana kichwa hufunikwa makaburini na sinagogini. Mainz ipe saa mbili, Worms nusu ya siku, na Speyer uifikie kabla mikve haijafungwa jioni. Kama muda ni wa mji mmoja tu, nenda Worms.