Mikanda Inayonuka Siki

Mtu akifungua kopo la bati lenye mkanda wa sinema wa zamani, akapokewa na harufu kali ya siki, na ajue kwamba amechelewa. Mikanda mingi ya karne ya 20 ilitengenezwa kwa asetati, na asetati ikikaa katika joto na unyevu hutoa asidi ile ile iliyomo ndani ya siki. Mkanda husinyaa, hujikunja, na picha hubanduka. Mvuke wake nao huiambukiza mikanda jirani. Wataalamu hukadiria kuwa mkanda mpya, ukiwekwa katika nyuzijoto 21 na unyevu wa asilimia 50, huanza kuharibika baada ya miaka 40 hivi. Sisi wa visiwani, tuijuayo hali ya chumba kilichofungwa wakati wa masika, hatuna haja ya kuelezwa kuwa kwetu muda huo ni mfupi zaidi.

Hasara hii imekwisha kutufika. Huko Vugiri, Tanganyika, kati ya 1935 na 1937, zilitengenezwa filamu 35 hivi za mafunzo ya kilimo na afya. Zinazojulikana kusalia ni tatu tu, nazo zimo Uingereza.

La kuumiza zaidi ni la Unguja yenyewe. Filamu Africa Addio, iliyotolewa mwaka 1966 na Waitaliano Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, ina picha za Januari 1964 zilizopigwa kutoka angani. Ilishutumiwa sana kwa ubaguzi wake, na haki yake ilikuwa hiyo. Hata hivyo picha zile hurudiwa mara kwa mara kila zinapotajwa siku zile, kwa kuwa nyingine ni haba. Nasi tunaobishana juu ya maana yake (na tu wengi) twabishana juu ya mkanda uliokatwa na kuungwa na wageni.

Je, Televisheni ya Zanzibar, iliyoanza kurusha picha za rangi mapema katika miaka ya 1970, ilirekodi mangapi, na mangapi yanachezeka leo? Mnamo 27 Oktoba 1980, mkutano wa UNESCO mjini Belgrade ulipitisha pendekezo kuwa picha za sinema na televisheni ni urithi wa kuhifadhiwa na serikali. Kanda za sumaku zina shida yake: mashine za kuzichezea hazitengenezwi tena.

Tunawaomba wakubwa wanaohusika waanze na daftari, kabla ya kuomba fedha za vyumba vya baridi. Kila kopo lipewe namba, liandikwe lilikotoka na hali yake. Waketishwe wazee mbele ya picha, waseme yule mwenye kanzu pale Forodhani ni nani, na mwaka gani. Nalo kopo linalonuka siki litengwe na mengine siku hiyo hiyo.