Jaji Anayemwona Shahidi

Majaji wapya wa Mahakama Kuu ya Tanzania wakishaapa mbele ya Rais, safari yao ya kikazi mara nyingi huanza kwa kupanda milima ya Usambara: Mombo, kona za Soni, kisha Lushoto, kwenye Chuo cha Uongozi wa Mahakama kilichoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1998. Wanaofika pale si wanagenzi. Yumo aliyekuwa hakimu mkazi, yumo msajili, wakili wa kujitegemea, mwanasheria wa Serikali, mhadhiri wa chuo kikuu. Katiba inataka kila mmoja awe na sifa za kitaaluma kwa muda usiopungua miaka 10, na Rais humteua baada ya kushauriana na Tume ya Utumishi wa Mahakama. Wanarudi darasani kwa sababu kuijua sheria hakumfundishi mtu kusikiliza. Wakili aliyezoea kusema kutwa sasa lazima anyamaze, aandike, na uso wake usimwonyeshe yeyote ni nani anayemwamini.

Si kila anayeketi kwenye kiti cha mahakama ni jaji. Huko huko Usambara, mgogoro wa mirathi ya kimila au ya Kiislamu, tuseme shamba la kahawa na migomba aliloacha mzee wa Mlalo, huanzia Mahakama ya Mwanzo mbele ya hakimu. Asiyeridhika hukata rufaa Mahakama ya Wilaya, kisha Mahakama Kuu kule Tanga, na hapo ndipo anapokutana na jaji kwa mara ya kwanza. Juu yake hubaki Mahakama ya Rufani, iliyoundwa mwaka 1979. Kesi ya mauaji hupita njia nyingine. Kwa kawaida ushahidi wake husikilizwa na Mahakama Kuu yenyewe tangu shahidi wa kwanza, na jaji hufunga safari kwenda kwenye vikao vya wilayani.

Uzito wa kazi yake uko hapo. Majaji wa Rufani, kwa ubingwa wao wote, hawamwoni shahidi. Hawajui kwamba alisita kabla ya kujibu, wala kwamba alimtazama mjomba wake aliyekaa nyuma kila alipoulizwa kuhusu usiku ule. Wao wana jalada. Wanaweza kupima kama maneno ya shahidi yanashikamana na kama yanalingana na ya wenzake, lakini mwenendo wake kizimbani wamesema mara nyingi kwamba ni mali ya mahakama iliyomsikiliza. Kwa hiyo alichokiacha jaji bila kukiandika, kwa wanaosoma baadaye, hakikutokea.

Kwa miongo mingi kuandika huko kulikuwa kwa mkono, tena kwa Kiingereza. Bibi wa Kisambaa alisema kwa lugha yake, mkalimani akaleta Kiswahili, jaji akaandika Kiingereza, na karatasi hiyo ndiyo iliyoweza kumfunga mtu au kumwachia. Januari 2021, mjini Musoma, kanda ya Ziwa, Jaji Zephrine Galeba aliandika hukumu yake kwa Kiswahili. Mwaka huohuo sheria ikabadilishwa, Kiswahili kikawa lugha ya mahakama. Naliona badiliko hilo kuwa kubwa kuliko jengo lolote jipya au kompyuta yoyote, kwa sababu linamfikia mshtakiwa mwenyewe: anaweza kusoma kilichoandikwa kuhusu maisha yake na kusema, hapa sikusema hivyo.

Jaji wa Mahakama Kuu hulazimika kustaafu akitimiza miaka 60, wa Rufani 65. Kenya imeweka 70. Marekani, jaji wa shirikisho huteuliwa na Rais, huthibitishwa na Seneti, na hukaa maisha yake yote mradi mwenendo wake ni mwema. Sitamani utaratibu huo wa Marekani, lakini 60 ni mapema mno. Sikio la kupima ushahidi hukomaa polepole, nasi tunalipumzisha likiwa ndiyo kwanza limekomaa.

Na jaji wa Mahakama Kuu anaweza kuitikisa nchi. Jaji James Mwalusanya, mwaka 1990 akiwa Mwanza, aliamua kwamba mila ya Kihaya iliyomzuia mwanamke kuuza ardhi ya ukoo ilipingana na haki za binadamu zilizoingizwa katika Katiba mwaka 1984. Mwanamke aliyerithi shamba la baba yake kwa wosia akatambuliwa kuwa mwenye haki ya kuliuza. Mwaka 1994, katika kesi ya mauaji Dodoma, aliwatia washtakiwa hatiani, kisha akatamka kwamba adhabu ya kifo ni ya kikatili na inavunja Katiba, akawapa kifungo cha maisha. Mahakama ya Rufani ilimpindua mwaka uliofuata, lakini ilikubaliana naye kwamba adhabu hiyo ni ya kikatili na inadhalilisha. Ilisema tu kwamba Katiba inairuhusu kwa masilahi ya umma. Mwaka 2019 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao Arusha, iliamua kwamba kumlazimisha jaji kutoa adhabu ya kifo kunakiuka haki ya kuishi, kwa kuwa kunamnyima nafasi ya kumpima kila mshtakiwa kwa mazingira yake.