How It Feels to Be Run Over

How It Feels to Be Run Over (maana yake: Jinsi Mtu Anavyojisikia Akigongwa na Gari) ni filamu fupi bubu ya Uingereza iliyotolewa mwaka 1900. Ilitengenezwa na Cecil Hepworth, mmoja wa waanzilishi wa sinema nchini humo. Haifiki hata dakika moja, lakini inakumbukwa kwa sababu inamweka mtazamaji mahali pa mtu anayegongwa.

Yaliyomo

Kamera imesimama barabarani bila kusogea. Kwanza linakuja gari la farasi, linapita kando salama na kuacha vumbi. Kisha motokaa inatokea kwa mbali. Waliopanda wanapunga mikono, lakini gari linazidi kukaribia mpaka linajaza picha nzima. Ghafla skrini inakuwa nyeusi. Zinatokea alama za kuuliza na za mshangao, halafu maneno ya mzaha yaliyoandikwa kwa mkono, kwamba mama atafurahi. Hayo ni kati ya maandishi ya kwanza kutumika ndani ya filamu.

Mbinu

Filamu haionyeshi damu wala majeruhi. Gari la farasi likishapita salama, mtazamaji hutarajia motokaa nayo ipite vivyo hivyo. Katika filamu ya ndugu Lumière kuhusu treni inayofika kituoni La Ciotat, treni hupita kando ya kamera. Hapa motokaa inakuja moja kwa moja, na picha hukatika wakati wa kugonga. Ajali yenyewe mtazamaji huimalizia akilini mwake.

Muktadha

Wakati huo motokaa zilikuwa bado ngeni barabarani. Tarehe 17 Agosti 1896 Bridget Driscoll aligongwa mjini London, akawa mtu wa kwanza anayetembea kwa miguu kuuawa na motokaa nchini Uingereza. Kwa hiyo mzaha wa Hepworth uligusa hofu ya kweli.

Filamu nyingine za aina hii

Mwaka huohuo Hepworth alitoa Explosion of a Motor Car, ambamo motokaa inalipuka ghafla. Katika The Big Swallow (1901) ya James Williamson, mtu anaisogelea kamera na kuimeza pamoja na mpiga picha. Katika The Great Train Robbery (1903) ya Edwin S. Porter, jambazi anawafyatulia watazamaji bastola.