Ile Hela Tuma Kwenye Namba Hii

“Ile hela tuma kwenye namba hii, jina litakuja la shemeji.” Ukiupata ujumbe huo siku ambayo huna deni na mtu, utacheka na kuufuta. Ukiupata siku ya kodi, mwenye nyumba keshakupigia asubuhi, huna muda wa kucheka. Tapeli hakujui. Ametupa ujumbe kwa namba chungu nzima, maana kati ya watu wote hao hakosi aliyeshika simu tayari kutuma.

Mimi ni wakala huku Mbagala. Mteja akinisomea namba kutoka kwenye ujumbe, humuuliza: “Mama, huyu umeongea naye?” Wengine hununa, eti nawachelewesha. Wanune tu.

Tazama maneno yale, “jina litakuja la shemeji.” Kabla hujaweka namba ya siri, simu hukuonyesha jina la mpokeaji ili ukiona geni usite. Tapeli keshalipitia hilo. Amekutajia jina geni mapema, kwa hiyo likitokea unasema, “Ndiyo huyuhuyu.” Laini husajiliwa kwa alama za vidole na namba ya NIDA, lakini jina hilo ni la aliyesajili, na pengine ni bibi wa watu asiyejua kama kuna laini kwa jina lake. Piga *106# uone zilizosajiliwa kwa kitambulisho chako, unaweza kushangaa.

Kusema “usimwamini yeyote” ni rahisi, ila hakusaidii. Watu hubadili namba kweli. Mwenye nyumba hufariki, mwanawe akaanza kukusanya kodi. Mambo hugeuka ghafla bila utapeli wowote, na tapeli anajificha humohumo. Ninachowaambia wateja ni hiki: piga namba ile ya zamani, uliyoihifadhi mwenyewe, siyo iliyokuja na habari mpya. Isipopatikana, mtafute anayemfahamu. Kodi ikichelewa hadi jioni hakuna atakayekufukuza.

Kuna na wale wa “nimekosea, nirudishie.” Huyo usibishane naye, angalia salio kwa menyu yako, usitegemee ujumbe. Kama hela imeingia kweli, mwambie awapigie mtandao wake wairudishe. Namba ya tapeli itume 15040. Na kama umeshatuma, piga huduma kwa wateja palepale, kwa sababu mwenzio naye anakimbilia kwa wakala kutoa.

Sisi mawakala tunawindwa zaidi, kwa kuwa tuna floti. Anapiga mtu mwenye sauti ya ofisini: “Dada, tunahakiki mashine yako, bonyeza hivi.” Nakata, kisha nampigia msimamizi ninayemjua. Juzi aliyepiga alikuwa msimamizi mpya kweli, kahamishiwa eneo letu. Nilimkatia mara mbili. Akaja mwenyewe hadi kibandani, pamoja na yule wa zamani, ndipo nikamwandikia namba yangu.