Kwa Nini Filamu za Kale Zilitoweka

Kati ya mwaka 1916 na 1918, katika mji wa Madras, ambao leo huitwa Chennai, mfanyabiashara wa vipuri vya magari, R. Nataraja Mudaliar, alitengeneza filamu iitwayo Keechaka Vadham, yaani “Kuuawa kwa Keechaka”. Kisa chake kilitokana na Mahabharata, utenzi mkuu wa kale. Hiyo ilikuwa filamu bubu ya kwanza ya hadithi kutengenezwa kusini mwa India.

Urefu wake ulikuwa futi 6,000 hivi. Kila futi ya utepe wa milimita 35 huchukua picha 16. Hivyo filamu nzima ilikuwa na picha zipatazo 96,000. Zikionyeshwa picha 16 kwa sekunde, mwendo wa kawaida wa zama hizo, zilihitaji dakika 100. Leo hakuna nakala yake inayojulikana kuwapo. Filamu nyingine nyingi za wakati huo zilipatwa na msiba kama huo. Sababu mojawapo kubwa imo katika utepe wenyewe.

Utepe wa siku hizo ulitengenezwa kwa nitrati ya selulosi, ambayo hupatikana kwa kuchanganya pamba na asidi ya nitriki. Dutu hiyo ni angavu na hupindika bila kuvunjika, lakini ina kasoro mbili. Kwanza, huwaka kwa ukali mno, na kwa kuwa ina oksijeni ndani yake, huendelea kuwaka hata ikitumbukizwa majini. Pili, huoza polepole hata pasipo moto. Inapooza hutoa gesi za oksidi za nitrojeni. Gesi hizo zikikutana na unyevu hewani hufanya asidi, nayo asidi huharakisha uozo. Picha hufifia, utepe hunata, na mwishowe hubaki unga wa rangi ya kahawia. Joto na unyevu, kama ule wa pwani ya Madras, huzidisha kasi hiyo.

Dawa ni kuhifadhi utepe mahali pakavu penye baridi, na kunakili picha mapema. Hifadhi ya Taifa ya Filamu ya India ilianzishwa mjini Poona mwaka 1964, takribani nusu karne baada ya kazi ya Mudaliar. Kwa filamu nyingi, msaada huo ulikuwa umechelewa. Kumbukumbu huishi kadiri kinachoibeba kinavyodumu. Isiponakiliwa kwa wakati, hupotea pamoja nacho.