Gesi ya baluni iliyoipa Qatar usemi duniani

VIJANA wengi wakisikia Qatar hukumbuka mambo mawili: Kombe la Dunia la 2022, na kazi ambazo Wakenya huendea Doha. Wachache wanajua kwamba nchi hiyo, ambayo ni ndogo kuliko Kaunti ya Kilifi, hutoa takriban thuluthi moja ya gesi ya heliamu inayotumika duniani.

Heliamu ni ile gesi inayofanya baluni ya bathidei ipae hadi kwenye dari. Lakini usiidharau. Ikipoozwa hadi nyuzi 269 chini ya sufuri hugeuka kuwa kiowevu, na kiowevu hicho ndicho hupoza sumaku kubwa iliyo ndani ya mashine ya MRI hospitalini. Mashine ya kawaida hubeba kati ya lita 1,500 na 2,000. Viwanda vinavyotengeneza chipu za simu na kompyuta pia huitegemea, sawa na wanaounda nyaya za faiba na roketi.

Sasa, bei yake huamuliwa vipi? Hapo ndipo kuna mambo. Bei ya mafuta ghafi unaweza kuiona kwenye simu yako kila siku. Ya heliamu huioni. Hakuna soko la wazi. Kampuni chache kubwa hutia saini mikataba ya miaka mingi na wazalishaji, na bei hubaki siri yao. Kiwanda cha pili cha Qatar kilipofunguliwa mwaka wa 2013, mzigo wake wote ulikuwa tayari umegawanywa kati ya wanunuzi watatu pekee: Air Liquide ya Ufaransa, Linde ya Ujerumani na Iwatani ya Japani.

Kwa miaka kadhaa, dirisha la kuchungulia bei hizo lilikuwa mnada wa serikali ya Marekani, iliyokuwa ikiuza heliamu kutoka hifadhi yake karibu na Amarillo, jimbo la Texas. Mwaka wa 2017, futi 1,000 za ujazo ziliuzwa kwa wastani wa Dola 119. Mwaka uliofuata, kiasi hicho hicho kilifika karibu Dola 280. Bei zaidi ya maradufu ndani ya mwaka mmoja!

Nini kilikuwa kimetokea? Mojawapo ya sababu ilikuwa ni Qatar.

Mnamo Juni 5, 2017, Saudia, Falme za Kiarabu, Bahrain na Misri zilikatiza uhusiano na Qatar na kufunga mipaka. Hadi siku hiyo, heliamu ilikuwa ikitoka kiwanda cha Ras Laffan kwa malori, inapita Saudia, kisha inapakiwa melini katika bandari ya Jebel Ali, Falme za Kiarabu. Mpaka ulipofungwa, viwanda vya heliamu vikazimwa. Gesi ilikuwepo, wanunuzi walikuwepo, ila barabara haikuwepo. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo nyasi. Safari hii nyasi zilikuwa maabara na viwanda vilivyo maelfu ya kilomita kutoka Ghuba.

Wiki chache baadaye uzalishaji ulirejea na mzigo ukaanza kupitia bandari ya Sohar nchini Oman. Lakini wanunuzi walikuwa wameshtuka.

Labda utauliza, kwani si wangeiweka tu ghalani wakingoja mambo yatulie? Heliamu si mahindi. Husafirishwa ikiwa kiowevu ndani ya kontena maalumu ya lita 40,000 hivi, ambayo bei yake inaweza kukaribia Dola milioni moja. Kontena hiyo ina takriban mwezi mmoja na nusu kabla gesi kuanza kupata joto na kuvuja. Ikishatoroka hewani, hupanda hadi anga za juu na hairudi tena. Isitoshe, kontena zikikwama njiani zikiwa tupu, kiwandani hakuna cha kujazia.

Kuna jambo jingine. Qatar haichimbi heliamu peke yake. Katika gesi asilia ya kisima chake kikuu baharini, heliamu ni kama asilimia 0.04 tu. Inapatikana kwa sababu tayari wanapoza gesi nyingi mno ili kuiuza ng'ambo. Ndiyo maana bei ikipanda, Qatar haiwezi kuongeza heliamu vivi hivi. Na uuzaji wa gesi asilia ukisimama, heliamu nayo husimama.

Dunia ilikumbushwa somo hilo tena 2022, wakati kiwanda kipya cha Amur nchini Urusi kilipolipuka na mitambo ya Marekani ikafungwa kwa muda. Wazalishaji ni wachache hivi kwamba mmoja akikohoa, wengine hupata homa.

Bei hizo zimewafanya watu wafikirie upya. Kampuni ya Philips ilileta MRI inayotumia lita saba pekee za heliamu, zikiwa zimefungiwa ndani moja kwa moja. Kwa hospitali za nchi kama yetu, ambako kila mtungi ni lazima uagizwe kutoka nje, hiyo si habari ndogo.

Na jirani yetu je? Mwaka wa 2016 watafiti wa vyuo vikuu vya Oxford na Durham, pamoja na kampuni ya Helium One, walitangaza kwamba bonde la Rukwa nchini Tanzania huenda lina futi bilioni 54 za ujazo za heliamu. Tofauti na Qatar, pale heliamu haijafuatana na gesi ya kupikia; imechanganyika zaidi na naitrojeni, na kwa kiwango kinachozidi cha Qatar mara nyingi. Visima vimeshachimbwa na gesi imeonekana ikipanda.

Lakini Rukwa iko mbali na bahari. Kutoka huko hadi bandari ya Dar es Salaam ni safari ndefu, na kontena ya heliamu huwa inahesabu siku. Kwa hivyo kijana anayesomea jiolojia, uhandisi wa kupoza gesi ama uchukuzi asikodolee macho ukubwa wa hazina pekee. Qatar ilikuwa na hazina hiyo Juni 2017, na bado ilizima mitambo.