Mzee Ojwang' Hakuwa Mjaluo, na Hiyo Ndio Ilikuwa Kazi Yenyewe

Ingia Manyatta leo, simama hapo Kondele, uliza wasee wa rika la mathe wako Mzee Ojwang' wa Vitimbi alikuwa mtu wa wapi. Kuna mwenye atakuapia ni wa Siaya. Sasa sikia: jina lake la kitambulisho lilikuwa Benson Wanjau. Mkikuyu, omera.

Kama umezaliwa juzi, twende polepole. Kabla KTN iingie hewani 1990, Kenya nzima ilikuwa na stesheni moja ya TV, Voice of Kenya, yenye ilibadilishwa jina ikawa KBC mwaka wa 1989. Hukuwa na chaneli ya kuhamia. Hapo ndio Wanjau alimjenga huyu mzee, kwa Vitimbi, Vioja Mahakamani, Darubini. Kipindi kinabadilika, mzee ni yule yule: mjuaji, mwepesi wa hasira, na bado Mama Kayai anamtuliza kwa neno moja. Hiyo kazi aliifanya zaidi ya miaka 30.

Kuna waigizaji wa sura, wale wa kupewa mrembo mwisho wa sinema. Halafu kuna wale wa kukupea mtu mzima mzima, sauti, mwendo na hasira zake, mpaka unaona ni kama mnapanga ploti moja. Wafaransa walikuwa na Louis de Funès, msee alicheza vijisehemu miaka na miaka, akakuja kuwaka kabisa 1964 akiwa karibu 50, kwa kucheza mzee wa hasira. Wanjau ni wa hiyo timu.

Lakini cheki ugumu wa yake. Dholuo haina "sh", so mzee wa kijijini akiongea Kiswahili, shida inakuwa sida na shamba linakuwa samba. Hiyo hata mchekeshaji wa TikTok anaweza. Noma iko kwingine. Kikikuyu nacho hakina "l", na msee mwenye amekulia kwa hiyo lugha, "l" yake hupenda kuteleza ikawa "r". Kwa hivyo Wanjau alikuwa anaficha aksenti moja, anavaa ingine, na yote ndani ya lugha ya tatu. Ateleze mara moja tu, Kisumu nzima ingesikia. Wakasikia mtu wao.

Kuna watu husema hizi vipindi zilitufunza kucheka makabila ya wenzetu. Si uongo, kuna wengi hawakuwa na kitu ingine zaidi ya aksenti. Lakini Ojwang' hakuwa anachekesha juu ni Mjaluo. Alichekesha juu ni mzee mwenye maringo na mfuko mtupu, na huyo yuko kila kabila. Alafu kumbuka 2007 ikiingia 2008, vile Kisumu iliwaka. Hizo wiki, jina Wanjau hapa mtaani lilikuwa la kufichwa. Jina Ojwang' lilikuwa la nyumbani. Ni mtu mmoja, buda.

Doo sasa. Usifikirie umaarufu wa miaka 30 ulimwachia jumba. Miaka ya mwisho macho yalimsumbua, na ilibidi Wakenya wachange ndio atibiwe. Ikifika hapo mimi hukasirika, juu klipu zake bado zinazunguka na watu wanavuna views. Siku hizi kuna vyama vya kukusanyia waigizaji na wanamuziki haki zao, so kama unaigiza, jisajili kabla uwe maarufu.

Alifariki Julai 12, 2015. Watu wengi walishtuka kujua mjane wake hakuwa Mama Kayai, juu kwa akili zao hao wawili walikuwa wameoana kabisa. Mama Kayai mwenyewe anaitwa Mary Khavere. Hilo jina nalo ni la kwa Waluhya.